Barua ya Ijumaa: serikali inapouvunja mkataba wa ubia wenu

(Mazungumzo na makandarasi waliosajiliwa katika madaraja ya chini, Morogoro. Nimeyaandika kutoka kwenye kinasa sauti, nikipunguza vicheko na kurudiarudia kwangu.)

Ndugu makandarasi, habari za asubuhi. Mwenyekiti amenitambulisha kama mtaalamu wa kesi za serikali. Mwenyekiti, nakushukuru, ila nikurekebishe kidogo: mimi ni wakili niliyeshindwa kesi za kutosha dhidi ya serikali hadi nikaanza kuona zinapotelea wapi. Nyingi zilikuwa zimeshapotea siku wateja wangu waliponiletea faili. Hakimu alikuwa anakuja kutusomea tu habari ya msiba uliokwisha kutokea.

Wangapi humu mmewahi kupokea barua ya kuvunjiwa mkataba? Sita, saba… yule mama kule nyuma, nane. Na wangapi ilikuja Ijumaa alasiri? Mnaona! Mikono ileile. Sijui kwa nini ni Ijumaa. Nadhani aliyesaini hataki kupokea simu zenu mpaka Jumatatu.

Basi nitazungumzia Ijumaa hiyo na Jumatatu yake, na zaidi nitazungumza na wale mnaofanya kazi kwa ubia: wawili, watatu, mmechanga mtaji, mmoja ana greda, mwingine ana jina, mwingine ana elimu. Wenye kampuni yenye hisa na bodi wana matatizo yao, watanisamehe.

Nianze mbali kidogo. Wakazi wa Dar es Salaam mnaikumbuka City Water. Mwaka 2003 DAWASA, mamlaka ya maji ya jiji hilo, ilikodisha kazi ya kusambaza maji ya jiji kwa City Water kwa miaka 10. City Water nayo ilikuwa zao la ubia: asilimia 51 ilishikwa na wageni, Biwater ya Uingereza na Gauff ya Ujerumani, na asilimia 49 kampuni ya hapahapa nyumbani, Super Doll. Kazi ilianza Agosti 2003. Kufika 2005 makusanyo yalikuwa chini ya matarajio, ada ya kukodi haikulipwa ipasavyo, kampuni inataka bei ya maji ipandishwe, na mabombani kule Dar mnajua wenyewe kulikuwa kunatoka nini. Upepo.

Tarehe 12 Mei 2005 DAWASA ikatoa notisi ya kuvunja mkataba. Hadi hapo hakuna ubaya, mkataba una mlango wa kuingilia na wa kutokea. Kesho yake tu, tarehe 13, Waziri wa Maji wa wakati huo, Edward Lowassa, akatangaza hadharani kwamba mkataba umekwisha. Tarehe 1 Juni shughuli zikachukuliwa na mameneja watatu wa kigeni wakafukuzwa nchini.

Kesi zikawa mbili. Ya kwanza, London, ilikuwa kati ya City Water na DAWASA, na swali lake lilikuwa la kimkataba: nani alikosa? DAWASA wakashinda, City Water ikaamriwa kulipa takriban pauni milioni 3. Ya pili ilikwenda kwenye kituo cha usuluhishi wa uwekezaji cha Benki ya Dunia, ICSID, kati ya Biwater Gauff na Jamhuri yetu. Hukumu ilitoka Julai 2008. Jopo likasema serikali ilikosea: lile tangazo la waziri, namna ya kuchukua ofisi, kuwafukuza watu, vilivunja mkataba wa kulinda uwekezaji baina yetu na Uingereza. Sasa subirini. Fidia kiasi gani? Sifuri. Hata senti moja. Jopo lilisema kufikia tarehe 1 Juni biashara yenyewe ilikuwa imeshakufa, thamani yake haipo, kwa hiyo kilichochukuliwa kibaya kilikuwa kitu kisicho na bei. Kila upande ukabeba gharama zake.

Nimekuwa nikiirudia hukumu hiyo kwa wateja kwa miaka mingi kwa sababu inawaumiza wote wawili, na ni vizuri ikawauma. Ofisa wa serikali anajifunza kwamba ukiwa na haki ya kuvunja mkataba bado unaweza kuuvunja kihuni. Mkandarasi anajifunza kitu kichungu zaidi: unaweza kuthibitisha kwamba umeonewa, jaji akakubali kwamba umeonewa, ukatoka mikono mitupu. Kuonewa ni jambo moja, kupata hasara ni jambo la pili, na la pili linataka hesabu. Kifungu cha 73 cha Sheria yetu ya Mikataba kinakupa fidia ya hasara iliyotokana na mkataba kuvunjwa. Hakikupi pole.

Ya Dowans nitaipitia haraka maana inajulikana. Mwaka 2006 nchi ilikuwa gizani, Richmond wakapewa mkataba wa umeme wa dharura wa megawati 100, wakashindwa, mkataba ukahamia kwa Dowans. Februari 2008 kamati ya Bunge chini ya Dk. Harrison Mwakyembe ikatoa taarifa, na Lowassa yuleyule wa maji, sasa Waziri Mkuu, akajiuzulu. Mwaka huohuo TANESCO, shirika la umeme la serikali, wakauvunja mkataba wakisema ni batili tangu mzizi wake. Novemba 2010 wasuluhishi wa Chemba ya Biashara ya Kimataifa wakaiamuru TANESCO ilipe zaidi ya dola milioni 65. Watu wakauliza, jamani, si Bunge lilishasema? Ndiyo, Bunge lilisema. Lakini taarifa ya Bunge inajibu swali la siasa na maadili. Msuluhishi anauliza mkataba huu ulikuwa na nguvu ya kisheria au la, umeme ulizalishwa au la, notisi ilisema nini. Mnaposikia diwani au mbunge amesimama akasema "mkandarasi huyu ni tapeli, aondolewe", msife moyo, na msijibu kwa hasira. Hotuba haivunji mkataba. Barua ndiyo inayovunja.

Na mwenye kudhani kila aliyevunjiwa mkataba na serikali mwisho hulipwa, avuke mpaka wa Namanga. World Duty Free walikuwa na mkataba wa 1989 wa maduka ya viwanja vya ndege vya Nairobi na Mombasa. Wakanyang'anywa, wakaenda ICSID. Huko mwenye kampuni, kwa mdomo wake mwenyewe, akaeleza kwamba ili kuupata mkataba ule alitoa dola milioni 2 kwa Rais Moi. Alisimulia aliingia na mkoba wenye fedha, akauacha kando ya ukuta, na baada ya mazungumzo alipouchukua akakuta fedha hazimo, mkoba umejaa mahindi mabichi! Mwaka 2006 jopo likasema: mkataba uliopatikana kwa hongo hatuusimamii, madai yametupwa. Kenya haikulipa. Mtu unaweza kukasirika kwamba aliyepokea na aliyetoa hawakupata mizani moja, na mimi nakubaliana nawe. Lakini wewe unayewaza "nimpe kidogo yule bwana wa manunuzi", jua kwamba siku mkataba ukivunjwa, hicho kidogo ndicho kitakachokufunga mdomo. Utadaije ulichokinunua gizani?

Sasa turudi nyumbani, kwenye ubia.

Kuna jambo linalowashangaza vijana wa sheria: ubia kwetu hauna sheria yake ya peke yake. Umo ndani ya Sheria ya Mikataba, Sura ya 345. Tuliirithi Sheria ya Mikataba ya India ya 1872, iliyokuwa na sehemu ya ubia ndani yake. Wahindi wenyewe waliitoa sehemu hiyo mwaka 1932 wakaitungia sheria yake. Sisi 1961 tulipotunga yetu tukaiacha humohumo. Kwa hiyo mkiwa wabia, sheria inawatazama kama watu waliofungwa kamba moja. Akisaini mmoja katika kazi ya ubia, mmesaini wote. Akikiri mmoja, mmekiri wote. Deni likiwa la ubia, mdai anaweza kuifikia nyumba ya yeyote kati yenu. Ubia hauna ukuta wa kampuni kati ya mradi na kitanda chako.

Niwape mfano wa kwangu, bila majina na bila kutaja ofisi, maana wengine humu mtawatambua. Walikuwa watatu. Mzee mwenye greda, shemeji yake anayeshughulikia fedha, na kijana mhandisi ambaye cheti chake ndicho kilichowasajili. Barabara ya changarawe na makaravati. Mvua zikaja, malipo yakachelewa, greda likalala. Mwajiri, yaani ofisi ya serikali iliyowapa kazi, akaandika kwamba wamechelewa, wajieleze ndani ya siku 14. Mzee akataka kujibu kwamba hati ya malipo ya pili haijalipwa miezi mitatu, kwa hiyo wanadai nyongeza ya muda na riba. Jibu zuri. Lakini kijana alikuwa amegombana na shemeji kuhusu fedha za dizeli, na usiku ule akaandika barua yake mwenyewe, kwa karatasi ya ubia, kwa muhuri wa ubia: "Ucheleweshaji umesababishwa na uzembe wa wenzangu katika usimamizi."

Mstari mmoja! Siku 10 baadaye mkataba ukavunjwa, na barua ya kuvunja ikamnukuu kijana neno kwa neno. Mahakamani ikawa kielelezo cha kwanza cha upande wa serikali. Nilijaribu kusema ni hasira za kijana. Wakili wa serikali, mtu mpole sana, akaniuliza tu: "Ni mbia au si mbia?"

Kwa hiyo kabla ya saiti haijafunguliwa, andikeni wenyewe kwa wenyewe nani anaandika barua kwa mwajiri. Mmoja. Mpeni nakala mwajiri na mhandisi mshauri. Mkigombana, gombaneni kwa simu.

Na wale wabia mlisajiliwa? Simaanishi Bodi ya Makandarasi, huko najua mmo, msingekuwa hapa. Namaanisha jina la biashara, kule BRELA, kwa wakala wa usajili wa biashara. Mkifanya kazi kwa jina lisilo majina yenu wenyewe, "Nyota ya Asubuhi Ujenzi" au lolote lile, lazima liwe limesajiliwa, na akiingia au kutoka mbia mabadiliko yapelekwe. Sheria ya Majina ya Biashara inaweza kumzuia asiyesajili kudai haki za mkataba wake mahakamani. Nimewahi kuona ubia ambao mbia mmoja alishatoka miaka minne, jina lake bado liko BRELA, na mpya aliyeingia hayupo popote. Tulitumia muda mwingi kubishana nani ana haki ya kusimama mbele ya jaji kuliko kubishana kuhusu kazi iliyofanyika. Serikali ilikuwa imekaa inatutazama.

Haya, barua ya Ijumaa imefika. Mtafanya nini Jumatatu?

Kwanza msiondoe mashine usiku. Najua woga: greda likizuiwa saiti ni mkate umezuiwa. Lakini ukikimbia, umeandika kwa matairi kwamba umeitelekeza kazi. Andikeni siku hiyohiyo mkipinga sababu za kuvunja, na mkiomba upimaji wa pamoja. Huu upimaji wa pamoja ndio moyo wa kesi nzima. Mwajiri akiita mkandarasi mwingine wiki mbili baadaye, kazi yenu imefukiwa chini ya kazi yake, na hakuna jaji atakayechimba barabara. Asipokuja kupima, piteni wenyewe na mpima asiye wenu, pigeni picha zenye tarehe, mtumieni ripoti, mpate sahihi ya kupokelewa. Mhuri wa masijala, tarehe, jina. Msiache barua kwa mlinzi.

Halafu benki. Mlipoingia mliweka dhamana ya utendaji, pengine na dhamana ya malipo ya awali. Siku chache baada ya kuvunja, mwajiri ataiendea benki kudai alipwe, na benki ikilipa itawageukia ninyi. Someni dhamana ile leo, msingoje siku hiyo. Nyingi zinalipwa kwa kudaiwa tu, benki haiulizi nani mkosaji.

Kisha someni kipengele cha migogoro kwenye mkataba wenyewe. Mikataba mingi ya ujenzi inawapeleka kwanza kwa mwamuzi wa awali, halafu kwenye usuluhishi, na siku za kupinga uamuzi zimehesabiwa. Mkikimbilia mahakamani wakati mkataba unasema usuluhishi, wakili wa serikali atasimama dakika tano tu, na Sheria ya Usuluhishi ya 2020 iko upande wake. Mtarudishwa mlikotoka, miezi minane imekwenda.

Kama njia ni mahakama, shikeni haya, ndipo wengi wanapoanguka. Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali inataka notisi ya siku 90 kabla ya kufungua. Zamani halmashauri ilikuwa na utaratibu wake, notisi ya siku 30, na wengi bado wanakumbuka hiyo. Marekebisho ya 2020 yaliziingiza halmashauri, wakala na mashirika ya umma humohumo, na Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe kwenye kesi. Usipomuunganisha, shauri linaharibika. Na linafunguliwa Mahakama Kuu, hata kama unadai milioni 40. Mkandarasi wa daraja la saba, la chini kabisa, anakwenda Mahakama Kuu kudai fedha za makaravati manne. Kwangu mimi hilo si sawa, nimelisema hadharani na nitaendelea kulisema, lakini wewe usiende kulipinga kwa fedha ya wanao.

Wale watatu wangu? Kabla hawajanijia walikuwa wameshafungua wenyewe, wameishtaki halmashauri peke yake. Likaondolewa. Wakaanza upya: notisi, siku 90, Mwanasheria Mkuu, Mahakama Kuu.

Na hata ukishinda, huwezi kupeleka dalali akakamate gari la mkurugenzi. Sheria hairuhusu kukaza hukumu dhidi ya mali ya serikali kwa namna hiyo. Unapewa hati ya mahakama, unaipeleka kwa ofisa masuuli, yaani mkuu anayeidhinisha malipo ya ofisi ile, unasubiri bajeti. Wageni wenye hukumu za usuluhishi wana njia zao. Mwaka 2017 ndege yetu mpya aina ya Bombardier ilizuiwa Kanada kwa sababu ya deni la Stirling Civil Engineering, kampuni iliyovunjiwa mkataba wa barabara ya kuelekea Bagamoyo, deni lililotajwa kuwa kama dola milioni 38. Ndege iliingia nchini 2018. Ninyi hamna ndege ya kuzuia Kanada. Kwa hiyo kusuluhishana mapema, hata kwa kupungukiwa, kwenu mara nyingi ni hesabu nzuri kuliko ushindi wa mwaka wa sita.

Sasa niseme kilichotuokoa katika kesi ile, maana barua ya kijana ilikuwa imetumaliza.

Tulidai mambo matatu: kazi iliyofanyika na kupimwa, fedha za zuio, zile ambazo mwajiri hukata na kuzishikilia katika kila malipo, na gharama za greda kulala saiti likisubiri malipo na maelekezo. Mawili ya kwanza yalikuwa na karatasi. La tatu lilikuwa maneno matupu. Wakili wa serikali akasema, na alikuwa sahihi, tuonyesheni siku gani lililala na kwa sababu gani. Shemeji hana. Mhandisi hasemi nasi. Mzee akanyamaza, halafu akaniambia nje ya ukumbi: "Wakili, yule dereva wangu wa greda nilikuwa namshuku ananiibia dizeli." Nikamwambia, mzee, hayo tuyaache. Akasema, "Hapana, sikiliza. Nilimlazimisha aandike kila siku."

Daftari la shule, lenye jedwali la hesabu nyuma. Kila siku kwa kalamu ya risasi: saa ilipowashwa, saa ilipozimwa, lita zilizoingia. Na siku ambazo haikuwashwa, yule dereva, kwa kuogopa kuonekana mvivu, aliandika kwa nini. "Leo hatukufanya, mhandisi wa halmashauri kasema tusubiri vipimo." "Leo hakuna dizeli, bosi anasema malipo bado." Siku 41. Wazee walisema mali bila daftari hupotea bila habari, nasi daftari letu lilizaliwa kwa kushuku wizi. Dereva akaja kutoa ushahidi amevaa suti ya kuazima. Hakuulizwa maswali mengi. Wiki tatu baadaye upande wa serikali ukaomba tukae tuzungumze.

Tukasaini makubaliano. Wakalipwa kazi iliyopimwa, zuio, na sehemu kubwa ya zile siku 41. Faida ya kazi iliyobaki hawakupata, kwa sababu ya ile barua.

Naona Mwenyekiti anatazama saa. Namalizia. Mlionifuatilia mtauliza fedha zilikwenda wapi. Ziliingia kwenye akaunti ya ubia, na akaunti ile waliifungua siku ya kwanza wakiwa marafiki, wakaandika benki kwamba fedha haitoki bila saini zote tatu. Kijana alikuwa amehamia mkoa mwingine na simu za mzee hapokei. Hundi ya kwanza, ya kumlipa dereva wa greda mishahara yake ya nyuma, ilitoka baada ya miezi minne na nusu. Aliyekwenda kumbembeleza kijana asaini ni dereva mwenyewe, kwa basi, na nauli alikopa kwangu.